Mzazi Akifa, Daftari Zake za Mashairi Ziende Wapi?

Mzazi anapofariki, warithi hukaa wakagawana shamba, ng'ombe na nyumba. Daftari zake za mashairi, kaswida na hadithi hubaki sandukuni, hakuna anayeziulizia. Kwetu Tana River muda wa kuziulizia ni mfupi. Mto ukifurika, kama ulivyofurika 2018 na tena mwishoni mwa 2023, watu wa Garsen na vijiji vya delta hukimbia na watoto na kile kinachobebeka. Sanduku la karatasi hukumbukwa mwisho.

Ndugu msomaji, tusidhani tenzi tulizo nazo zilijileta zenyewe. Mwana Kupona binti Msham, mzaliwa wa Pate, alimtungia bintiye Mwana Hashima utendi wa wasia mwaka 1858, akafariki miaka miwili hivi baadaye. Ulikuwa wasia wa mama kwa mwanawe, si kitabu cha dukani. Ulidumu kwa kuwa ulihifadhiwa nyumbani, ukanakiliwa na kusomwa. Alice Werner na William Hichens waliuchapisha 1934, zaidi ya miaka 70 baada ya mtunzi kufa. Kama sanduku lingeachiwa mchwa, wangechapisha nini?

Fumo Liyongo naye, anayetajwa na masimulizi yetu Ozi na Kipini, mlangoni mwa mto huu huu, tunamjua kwa vinywa vya wazee na kwa kalamu za wanakili kama Muhamadi Kijuma wa Lamu. Lakini baadhi ya miswada ya Kijuma leo iko London na Ujerumani. Imesalimika, tushukuru. Ila funzo ni kwamba nakala itoke, asili ibaki kwa wenyewe.

Na kisichoandikwa hupotea upesi zaidi. Sauti ya wimbo wetu wa taifa wa 1963 ilitokana na wimbo wa Wapokomo wa kubembeleza mtoto. Nchi nzima inauimba, lakini mama wa kwanza aliyeuimba hana jina.

Basi familia ifanye nini? Kwanza, kusanyeni kila kitu mahali pamoja: daftari, barua, kanda za kaseti. Msitupe karatasi kwa kuwa imechakaa. Iliyolowa ianikwe kivulini penye upepo, si juani.

Pili, pigeni picha kila ukurasa kwa simu, kwa mpangilio wake, na mwandike jina la mtunzi, mwaka na mahali. Picha zisikae kwenye simu moja. Wapeni jamaa wawili watatu wanaoishi mbali na mto.

Tatu, kama mzee aliandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, mtafuteni mwalimu wa madrasa au mzee anayezisoma, asome kwa sauti mkimrekodi. Wasomaji wa hati hiyo wanapungua. Na kama mzazi yu hai, mrekodini leo, mumuulize kila shairi alilitunga kwa sababu gani.

Nne, kubalianeni kuhusu haki. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inalinda maandishi kwa miaka 50 baada ya mwisho wa mwaka aliofariki mtunzi, na haki hiyo hurithiwa. Hivyo kaka mkubwa asiiuze peke yake, wala dada aliyeolewa asisahauliwe. Mnaweza kusajili kazi kwa Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, iwe ushahidi pakizuka mzozo. Mtafiti akija, mpokeeni vizuri, mpeni nakala, na makubaliano yaandikwe.

Mtume (S.A.W.) ametufundisha kwamba elimu yenye manufaa ni katika amali zisizokatika mtu anapokufa. Mzazi ameshatunga, sehemu yake ameimaliza. Kilichobaki ni kazi ya mtoto: sanduku lifunguliwe kabla ya mvua zijazo.