Kampuni ikifilisika Toronto, pensheni ya mfanyakazi inalipwa lini?

Jamaa zetu wa Maskati na Dubai hunipigia simu na swali moja: kijana kapata kazi huku Toronto, kampuni imemuahidi pensheni, je, pesa hiyo ipo kweli? Mimi huwauliza kwanza: pensheni ipi?

Kuna ile ya serikali, inayoandikwa CPP kwenye slipu ya mshahara. Mwajiri anakata kwa mfanyakazi na kuongeza kiasi kile kile kutoka kwake. Asipoipeleka, serikali inamfuata mwenyewe, na hata wakurugenzi wanaweza kudaiwa mali zao binafsi. Hapo mdai ana meno.

Tabu iko kwenye mfuko wa kampuni, pale mwajiri alipoahidi malipo ya kila mwezi mpaka mtu afe, lakini hakutia pesa za kutosha.

Chukueni kesi ya Indalex, kampuni ya bidhaa za alumini. Mwaka 2009 iliomba ulinzi wa mahakama hapa Toronto, ikakopa ili isizimike, na jaji akaamuru mkopeshaji alipwe kabla ya wadai wengine wote. Kampuni ikauzwa, mfuko wa wastaafu una pengo. Wastaafu wakasema sheria ya Ontario inalihesabu pengo hilo kuwa amana yao. Mwaka 2011 Mahakama ya Rufaa ya Ontario ikawapa ushindi. Tarehe 1 Februari 2013 Mahakama Kuu kabisa ya Kanada ikaupindua: ndiyo, baadhi yao wana amana, lakini amri ya jaji imetoka kwenye sheria ya shirikisho, nayo inatangulia ya jimbo. Yaani amana ni yako, pesa achukue mwingine! Nililazimika kuisoma mara mbili.

Kisha ikaja Sears Canada, iliyoomba ulinzi mahakama hiyo hiyo Juni 2017. Pengo la pensheni lilikuwa takriban dola milioni 267, na wastaafu wakapunguziwa malipo yao. Kilichowauma watu ni kwamba mwaka 2013 kampuni ilikuwa imewagawia wenye hisa dola milioni 509. Kesi ikafunguliwa dhidi ya wakurugenzi wa zamani na mwenye hisa mkubwa, ikamalizwa kwa maafikiano. Ontario ina mfuko wa dhamana, lakini unafidia pensheni mpaka dola 1,500 kwa mwezi tu.

Aprili 2023 Bunge likapitisha sheria inayoliweka pengo la pensheni mbele ya wadai wengi kampuni inapofilisika, ila mifuko iliyokuwepo ikapewa miaka minne ya kusubiri.

Kwa hiyo mwambieni kijana aitafute taarifa ya mwaka ya mfuko wake, aangalie umejaa kiasi gani ukilinganisha na ahadi zake. Mwajiri anatakiwa ampatie, asione haya kuidai.