Sura ya 6: Moyo Umetulia, Mapafu Yanalalamika

Mgonjwa anayetumia amiodaroni akianza kukohoa, kila aliye karibu naye huwa na jibu tayari. Nyumbani watasema ni vumbi, feni ya usiku au maji ya baridi. Zahanati itamwandikia antibayotiki ya nimonia. Kikohozi kisipokoma na mwili ukaanza kupungua, atashukiwa kifua kikuu. Akianza kuhema ngazini, ataambiwa moyo umechoka na maji yamejaa kifuani, aongezewe dawa ya kukojoa. Na nafuu isipopatikana kote huko, hakosekani ndugu wa kumnong'oneza kwamba ametupiwa kitu, atafutiwe mtaalamu. Muda wote huo kidonge chenyewe kiko mezani, kinamezwa kila asubuhi, na hakuna anayekitilia shaka.

Sentensi iliyonifanya niandike sura hii naisikia kwa wagonjwa na, inauma kusema, kwa wahudumu wa afya pia: "Hiyo ni dawa ya moyo, haihusiani na mapafu." Inahusiana sana. Damu yote inayosukumwa na upande wa kulia wa moyo hupita kwenye mapafu kwanza, ndipo irudi upande wa kushoto na kusambazwa mwilini. Hakuna kiungo kinachopitiwa na damu nyingi kuliko mapafu, na chochote kilichomo ndani ya damu hiyo hupita nayo.

Amiodaroni hutolewa kwa moyo uliopoteza mwendo wake: vyumba vya juu vinapotetemeka badala ya kupiga, au, hatari zaidi, vyumba vya chini vinapokwenda mbio kiasi kwamba damu haifiki kichwani na mtu anaanguka. Kwa huyu wa pili, dawa hii huokoa maisha. Naliweka hilo mbele kabla sijasema lolote baya juu yake. Nilikusudia kueleza mambo matatu: namna inavyodhuru mapafu, namna madhara yanavyotambuliwa, na hatua za kuchukua. Lakini najua kuna msomaji ambaye tayari anajisemea, "Ndiyo maana mimi nashika mitishamba, haina kemikali." Huyo nitamjibu kwanza.

Kwenye bonde la Nile na kandokando ya Bahari ya Mediterania huota mmea uitwao khella, wenye vishada vya maua meupe. Wamisri waliutumia tangu zamani kwa maumivu ya mawe ya figo. Katika miaka ya 1940, mwanafiziolojia Gleb von Anrep, mzaliwa wa Urusi aliyewahi kufundishwa na Pavlov, alikuwa akifanya kazi Cairo. Aliona kwamba fundi mmoja wa maabara yake, aliyekuwa na maumivu ya kifua yatokanayo na moyo, alipata nafuu baada ya kutumia khellini, kiini cha mmea huo, kwa maradhi mengine kabisa. Anrep akaufuatilia mkondo huo. Khellini ililegeza mishipa ya moyo kweli, ila ilichafua tumbo na kuleta kichefuchefu, nayo ilikuwa imetoka shambani moja kwa moja. Wanakemia wakaanza kutafuta molekuli za jamii yake zilizo bora. Mwaka 1961, katika kampuni ya Labaz huko Ubelgiji, Tondeur na Binon wakaunda amiodaroni, ikauzwa Ulaya kama dawa ya maumivu ya kifua. Mwaka 1970, Bramah Singh na Miles Vaughan Williams wa Oxford wakaonyesha kwamba uwezo wake mkubwa ni kurefusha pumziko la umeme kati ya pigo na pigo. Huko Argentina, daktari Mauricio Rosenbaum akaitumia kwa wagonjwa ambao mapigo yao yalishindikana kwa dawa nyingine, na sifa zake zikaenea. Marekani iliiidhinisha Desemba 1985.

Kwa hiyo dawa ninayoizungumzia ina ukoo na mmea. Anayeuza unga usio na jina kwenye chupa ya plastiki na kuapa kwamba hauna madhara kwa kuwa umetoka porini hajui anachokisema, au anajua na anadanganya. Mwili haujali molekuli imetoka mtini au kiwandani. Unachoshughulika nacho ni umbo lake, kipimo chake, na muda itakaokaa ndani.

Na amiodaroni hukaa. Zaidi ya theluthi ya uzito wa molekuli yake ni madini joto, yale yale yanayotiwa kwenye chumvi. Kidonge cha miligramu 200 kina miligramu 75 hivi za madini joto, na kati ya hizo takriban 6 huachiliwa mwilini kwa siku, kama mara 40 ya mahitaji ya mtu mzima. Ndiyo maana dawa hii huvuruga pia tezi ya shingoni. Wengi wakishasikia hivyo huamua kwamba tatizo la mapafu ni mzio wa madini joto. Sivyo. Kisa cha mapafu kinaanzia kwenye mafuta.

Amiodaroni hupenda mafuta, kwa hiyo hupenya kuta za seli kwa urahisi. Ndani ya kila seli mna vijifuko vyenye asidi viitwavyo laisosomu, ambamo mabaki ya seli husagwa. Dawa ikiingia humo, asidi huipa chaji ya umeme, na ikiwa na chaji haiwezi kupenya ukuta kutoka. Inanasa kama samaki ndani ya dema. Ikiwa humo inazuia vimeng'enya vinavyovunja fosfolipidi, mafuta ambayo kuta za seli zimejengwa kwayo, nayo yanaanza kurundikana. Mapafu yana fosfolipidi kwa wingi wa pekee, kwa sababu vifuko vya hewa hupakwa ndani utando wa mafuta hayo ili visisinyae na kushikamana mtu anapotoa pumzi. Utando huo hutengenezwa upya kila wakati, na mabaki yake humezwa na seli walinzi ziitwazo makrofaji. Ukizitazama makrofaji hizo kwenye darubini kwa mtu aliyetumia amiodaroni, utaziona zimevimba, zimejaa matone meupe mithili ya povu. Kwa darubini ya elektroni, kila tone linaonekana ni tabaka juu ya tabaka za mafuta, zimejikunja kuzunguka kiini kimoja.

Hapa hata wataalamu huteleza. Seli zenye povu ni ushahidi kwamba mtu ametumia dawa. Wengi wanazo na wanapumua vizuri. Ugonjwa huanza pale dawa, pamoja na zao lake liitwalo desethilamiodaroni, inapoua seli za mapafu na kuamsha uvimbe wa kinga, na kuta za vifuko vya hewa zikaanza kunenepa. Uvimbe huo ukiachwa hugeuka kovu, na kovu halirudi kuwa pafu.

Kwa wagonjwa wenye hitilafu ya vyumba vya chini vya moyo waliopewa takriban miligramu 400 kwa siku, baadhi ya tafiti za zamani zilikuta asilimia 10 hadi 17 wakipata ugonjwa huu wa mapafu, na karibu mmoja kati ya kila 10 waliougua akifariki. Vipimo vya leo ni vidogo, mara nyingi miligramu 200 au chini, na idadi imeshuka sana. Haijafika sifuri. Walio hatarini zaidi ni waliovuka miaka 60, waliotumia dawa muda mrefu, na ambao mapafu yao yalikuwa na hitilafu tangu awali.

Kuna hoja mbili za muda ninazokutana nazo kila mara. Ya kwanza: "Ningekuwa naumwa kwa sababu ya dawa, ningeumwa wiki ya kwanza." Kwa kawaida ugonjwa huu huja baada ya miezi au miaka, polepole: kikohozi kikavu, pumzi fupi, pengine homa ndogo na kukonda. Ya pili: "Niliiacha mwezi uliopita, haiwezi kuwa hiyo." Nusu ya amiodaroni iliyomo mwilini huchukua wastani wa siku 58 kuondoka, na kwa wengine zaidi ya siku 140. Aliyeiacha mwezi uliopita bado anayo. Mashine ya kusafisha damu haiwezi kuitoa, sembuse tangawizi na limau za "kusafisha mapafu" zinazotangazwa kwenye simu.

Hakuna kipimo kimoja kinachomaliza ubishi. Picha ya eksirei huonyesha mabaka, mara nyingi pande zote mbili. CT huyaonyesha vizuri zaidi, na wakati mwingine yanang'aa isivyo kawaida kwa sababu ya madini joto. Katika nchi zetu, kosa linaweza kwenda pande mbili. Mgonjwa hapaswi kumeza dawa za kifua kikuu miezi sita kwa kubahatisha, na wala kifua kikuu kisifutwe bila makohozi kupimwa, kwa kuwa tiba inayofuata ni prednisoloni, dawa inayodhoofisha kinga, na kumpa mwenye kifua kikuu kisichotibiwa ni kuuchochea moto. Moyo nao upimwe, ili maji kifuani yasidhaniwe kuwa kovu.

Ikithibitika, daktari husimamisha amiodaroni na mara nyingi huanza prednisoloni ya miligramu 40 hadi 60 kwa siku, ikipunguzwa taratibu kwa miezi, kwa sababu ikikatwa mapema dawa iliyobaki mwilini huwasha ugonjwa upya. Mgonjwa asijiachishe mwenyewe. Mapigo yale yaliyomwangusha mwanzo yanaweza kurudi, na kuna haja ya kupanga namna yatakavyodhibitiwa.

Kabla ya kidonge cha kwanza, mgonjwa apigwe eksirei ya kifua, na irudiwe kila mwaka ili pawepo picha ya kulinganisha. Abebe pakiti yenyewe kila aendako kutibiwa, ameandika juu yake tarehe aliyoanza na kiwango anachomeza. Akipangiwa upasuaji, amwambie daktari wa usingizi, kwa kuwa oksijeni nyingi wakati wa upasuaji imeshahusishwa na mapafu ya watumiaji wa amiodaroni kuharibika ghafla ndani ya siku chache. Hata kama aliiacha miezi miwili iliyopita, aitaje.