Ummy Mwalimu: Mwanasheria wa Tanga na Safari ya Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote

Novemba 2023, Bunge la Jamhuri ya Muungano wa Tanzania lilipitisha Muswada wa Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote. Aliyeusimamia kwa niaba ya Serikali alikuwa Waziri wa Afya wa wakati huo, Mhe. Ummy Ally Mwalimu, Mbunge wa Tanga Mjini, ambaye si daktari bali ni mwanasheria. Safari yake ya utumishi inamsaidia mwananchi kuelewa namna ahadi ya huduma inavyogeuka kuwa wajibu wa kisheria, na kwa nini kazi hiyo huchukua muda.

Ummy Mwalimu alizaliwa Tanga tarehe 5 Septemba 1973. Alihitimu Shahada ya Sheria katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kisha Shahada ya Uzamili ya Sheria katika Chuo Kikuu cha Pretoria, Afrika Kusini.

Aliingia bungeni mwaka 2010 kwa Viti Maalum kupitia Chama Cha Mapinduzi. Viti hivyo vimewekwa na Katiba ili wabunge wanawake wa kundi hilo wasipungue asilimia 30 ya wabunge wote, na hugawanywa kwa kuzingatia uwiano wa kura za vyama vilivyopata angalau asilimia 5 ya kura halali za uchaguzi wa wabunge. Kwa kuwa Katiba inamtaka Rais kuteua mawaziri na naibu mawaziri kutoka miongoni mwa wabunge, ubunge ndio mlango wa kuingia katika Baraza la Mawaziri. Mwaka huohuo aliteuliwa kuwa Naibu Waziri wa Maendeleo ya Jamii, Jinsia na Watoto. Baadaye alihudumu kwa cheo hicho katika Ofisi ya Makamu wa Rais na katika Wizara ya Katiba na Sheria.

Desemba 2015 aliteuliwa kuwa Waziri wa Afya, Maendeleo ya Jamii, Jinsia, Wazee na Watoto. Katika Uchaguzi Mkuu wa mwaka 2020 aligombea jimbo la Tanga Mjini na kushinda, hivyo akatoka katika Viti Maalum na kuwa mwakilishi wa wakazi wa jiji alikozaliwa. Baada ya uchaguzi huo aliongoza kwa muda mfupi masuala ya Muungano na Mazingira. Machi 2021 alihamishiwa Ofisi ya Rais, Tawala za Mikoa na Serikali za Mitaa, kipindi ambacho Serikali ilielekeza sehemu ya mkopo wa shilingi trilioni 1.3 katika ujenzi wa vyumba vya madarasa 15,000 nchini. Januari 2022 alirejeshwa Wizara ya Afya.

Wananchi wengi wanaikumbuka sauti yake kutokana na taarifa za magonjwa ya mlipuko. Tarehe 16 Machi 2020 alitangaza mgonjwa wa kwanza wa UVIKO-19 nchini, aliyewasili kupitia Uwanja wa Ndege wa Kimataifa wa Kilimanjaro. Takwimu za ugonjwa huo zilikoma kutolewa kwa umma mapema Mei 2020, zikarejea mwaka 2021. Miaka mitatu baada ya tangazo hilo la kwanza, tarehe 21 Machi 2023, alitangaza mlipuko wa ugonjwa wa Marburg mkoani Kagera, ukiwa wa kwanza kuthibitishwa nchini. Taarifa hizo hazitegemei hiari pekee: Kanuni za Afya za Kimataifa za mwaka 2005 zinaitaka nchi kuliarifu Shirika la Afya Duniani ndani ya saa 24 baada ya kutathmini tukio linaloweza kuwa tishio la kimataifa. Tarehe 2 Juni 2023 mlipuko ulitangazwa kuisha, baada ya kupita siku 42 bila mgonjwa mpya. Jumla ya watu 9 walihesabiwa kuugua, akiwemo mmoja ambaye hakuthibitishwa kwa vipimo vya maabara, na 6 kati yao walifariki dunia.

Hata hivyo, kazi iliyohitaji zaidi taaluma yake ilikuwa ya bima. Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya ulianzishwa kwa sheria ya mwaka 1999, ukianza na watumishi wa umma. Kwa kaya za sekta isiyo rasmi palikuwepo Mfuko wa Afya ya Jamii, ambao baada ya kuboreshwa ulitoza shilingi 30,000 kwa mwaka kwa kaya ya watu sita. Pamoja na mifuko hiyo, waliokuwa na bima walikadiriwa kuwa takriban asilimia 15 tu ya Watanzania. Kwa mvuvi wa Tanga au mkulima wa Muheza asiye na kadi, rufaa ya kwenda Hospitali ya Bombo ingeweza kumaanisha kuuza mali au kukopa kabla ya kutibiwa.

Muswada ulisomwa bungeni kwa mara ya kwanza Septemba 2022, lakini haukupita kwa haraka. Baadhi ya mapendekezo ya awali, ikiwemo kufungamanisha bima na huduma nyingine kama leseni ya udereva, yalizua mjadala mpana. Swali gumu zaidi lilikuwa la fedha: nani atawalipia wasio na uwezo? Kwa mwanasheria, swali hilo lina uzito wa pekee, kwa kuwa wajibu usiotajiwa chanzo cha fedha hubaki kwenye karatasi. Serikali ilirudi katika mashauriano, na sheria iliyopitishwa ikaanzisha mfuko wa kuwagharamia wasio na uwezo pamoja na kutaja vyanzo vyake vya mapato.

Agosti 2024 Wizara ya Afya ilikabidhiwa kwa Mhe. Jenista Mhagama, naye Ummy Mwalimu akaendelea kuwakilisha Tanga Mjini hadi Bunge la 12 lilipofikia ukomo wake mwaka 2025.

Waziri hubadilika, sheria hubaki. Ndiyo maana mwananchi anayefuatilia Bima ya Afya kwa Wote anapaswa kuangalia mambo matatu katika matangazo yajayo: kanuni zinazotaja kitita cha huduma na michango, utaratibu wa kuwatambua wasio na uwezo, na fedha zinazotengwa kila mwaka katika bajeti kwa ajili yao. Mambo hayo ndiyo yatakayoamua iwapo mgonjwa atapokelewa kwa kadi au ataulizwa fedha taslimu.