Rejesho la Milioni na Nusu, Deni Linapungua Elfu Hamsini

Anayekwenda benki kuulizia mkopo wa nyumba huanza na swali moja: kwa mwezi nitalipa ngapi? Afisa mikopo anabonyeza kompyuta yake, kiasi kinatoka, mwombaji anakipima na mshahara. Akiona kwamba baada ya makato atabakiwa na cha kula na ada za watoto, mazungumzo yanahamia kwenye hati na saini. Swali lenyewe ni la haki, ila kwa viwango vya riba vya huku kwetu halimwambii mtu hata nusu ya anachoingia. La kuanza nalo ni hili: baada ya miaka mitano ya kulipa bila kukosa, nitakuwa bado nadaiwa kiasi gani?

Tuchukue hesabu ya kawaida. Kwa miaka mingi taarifa za Benki Kuu ya Tanzania zimeonyesha mikopo ya nyumba ikitolewa kwa riba ya kati ya asilimia 15 na 19 kwa mwaka. Nachukua asilimia 17. Mkopo ni shilingi milioni 100, muda miaka 20, riba inapigwa juu ya salio la deni. Rejesho la mwezi linatoka shilingi 1,466,800 hivi. Zidisha kwa miezi 240 na utapata milioni 352. Nyumba uliyokopea milioni 100 utakuwa umeilipia hizo 100, na juu yake riba ya milioni 252.

Jumla hiyo wengi wamewahi kuisikia, wakashtuka, wakasahau. Kinachofundisha zaidi ni mstari wa kwanza wa jedwali la marejesho, ile karatasi ya mistari 240 ambayo kila mkopaji ana sababu ya kuidai kabla hajasaini chochote. Riba ya mwezi wa kwanza ni milioni 100 mara asilimia 17, gawa kwa 12: shilingi 1,416,667. Umelipa 1,466,800. Kilichogusa deni lenyewe ni shilingi 50,133. Mwezi wa pili riba inapigwa juu ya milioni 99.95, kwa hiyo inashuka kwa shilingi mia saba na kitu tu, na hizo mia saba ndizo zinazoongezeka upande wa deni. Ndivyo linavyotambaa.

Mwaka unaisha. Umetoa milioni 17.6 na deni limepungua kwa shilingi 650,000. Miaka mitano inatimia: umetoa milioni 88, unadaiwa milioni 95.3. Miaka kumi: umetoa milioni 176, unadaiwa milioni 84.4. Nusu ya deni unaifikisha mwaka wa 16 umekwisha, umeingia wa 17. Milioni 50 zilizobaki ndizo zinalipwa ndani ya miaka minne ya mwisho. Benki haijamdanganya mtu hapo, hivyo ndivyo hesabu ya riba ya salio inavyokwenda kila mahali duniani. Ila mahali ambapo riba ni asilimia 4 mteremko wake ni wa taratibu tangu mwanzo, na kwa asilimia 17 ni uwanda mrefu halafu poromoko.

Hapo ndipo wafanyakazi wengi wanaumia bila kujua kilichowaumiza. Chukua mtumishi aliyenunua nyumba ya milioni 125 Dar es Salaam. Ametoa milioni 25 zake mwenyewe, 100 akakopa. Mwaka wa tano anahamishiwa Mwanza, anaamua kuuza. Tuseme amepata mnunuzi wa milioni 140, jambo zuri. Benki inachukua milioni 95.3 zake, dalali anachukua chake, wakili chake, kodi inakatwa. Anaondoka na milioni 40 na kidogo baada ya kutoa milioni 113 kwa jumla. Ni kweli aliishi humo miaka mitano bila kulipa kodi ya pango, na hilo lazima lihesabiwe. Lakini kama nyumba ya aina hiyo hiyo, mtaa huo huo, ingepangishwa kwa laki tano au sita kwa mwezi, amelipia kuishi kwake mara mbili ya mpangaji wa jirani. Mkopo wa miaka 20 kwa riba hii unamfaa mtu mwenye uhakika kwamba hataondoka mapema.

Kuna jambo la pili ambalo ningependa kila mkopaji alijue, kwa sababu linapingana na ushauri tunaousikia kutoka nje. Kwenye nchi za riba ndogo, mtu akielemewa anarefusha muda, na rejesho linashuka kweli. Kwa riba ya asilimia 4, ukitoka miaka 20 kwenda 25 rejesho linapungua kwa takriban asilimia 13. Huo ni unafuu wa kuonekana mezani. Sasa fanya hivyo hivyo kwa asilimia 17. Mkopo wetu wa milioni 100 kwa miaka 25 unatoa rejesho la shilingi 1,437,800. Umepata unafuu wa elfu 29 kwa mwezi, asilimia 2. Na jumla ya malipo imepanda kutoka milioni 352 hadi milioni 431. Kwa ajili ya elfu 29 za mwezi umejitwisha milioni 79.

Geuza upande wa pili. Miaka 15 badala ya 20: rejesho linakuwa shilingi 1,539,000. Ongezeko ni elfu 72 kwa mwezi, na jumla inashuka hadi milioni 277. Umeokoa milioni 75 na miaka mitano ya maisha yako. Nikiambiwa niseme jambo moja tu kwa kijana anayekwenda kukopa, ningesema hili: mwambie afisa akupigie hesabu ya muda mfupi kwanza, uone tofauti ya mwezi ni kiasi gani hasa, ndipo mjadili muda mrefu. Mara nyingi mambo huenda kinyume. Afisa anaanza na muda mrefu kabisa kwa kuwa ndio unaotoa rejesho dogo kabisa, na mwombaji haoni kwamba udogo wenyewe ni wa elfu chache.

Wapo watakaosema, na wana hoja, kwamba shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo, kwa hiyo kujumlisha milioni 352 ni kuchanganya fedha za thamani tofauti. Ni kweli. Mfumuko wa bei Tanzania umekuwa karibu asilimia 3 kwa mwaka katika miaka ya karibuni. Ukipunguza kila rejesho kwa kiwango hicho, jumla yake kwa thamani ya leo inabaki karibu milioni 264. Pengo kati ya riba ya 17 na mfumuko wa 3 ndilo zigo halisi. Kule ambako bei zinapanda kwa kasi karibu na riba, wakati humsaidia mkopaji kwa sababu deni linaliwa na mfumuko. Huku bei zimetulia, jambo la heri kwa mengine yote, na mwenye deni la muda mrefu hapati msaada huo.

Kwa nini riba iko juu hivyo? Sehemu ya jibu ni kwamba benki hukusanya amana za watu ambazo zinaweza kutolewa kesho, kisha inatakiwa ikukopeshe kwa miaka 20. Baada ya Benki ya Nyumba Tanzania kufa mwaka 1995, mikopo mirefu ya nyumba karibu itoweke kabisa, hadi ilipotungwa sheria ya mikopo ya nyumba mwaka 2008 na kuanzishwa mwaka 2010 kampuni ya TMRC, ambayo kazi yake ni kuzipa benki fedha za muda mrefu kwa ajili hiyo. Sehemu nyingine ya jibu ni serikali yenyewe. Hatifungani zake za miaka 20 na 25 zimekuwa zikilipa riba ya kati ya asilimia 12 na karibu 16. Benki inayoweza kukaa na karatasi ya serikali kwa riba hiyo, bila kumfuatilia mtu na bila kuuza nyumba ya mtu kwa mnada, haina haraka ya kukukopesha kwa 10. Kenya wamejaribu njia nyingine: kampuni ya KMRC, iliyopewa leseni mwaka 2020, inazipa benki na sacco fedha kwa riba ya asilimia 5 ili mwananchi wa kipato kilichowekewa ukomo akope kwa riba isiyofika 10. Kwa asilimia 9.5, mkopo wa shilingi milioni 5 za Kenya kwa miaka 20 unarudishwa kwa milioni 11.2. Kwa asilimia 17 ungerudishwa kwa milioni 17.6. Tofauti hiyo ndiyo hoja ya sera ambayo wabunge wetu wangetakiwa kuihangaikia kuliko kuzindua majengo.

Mikataba mingi inasema riba inaweza kubadilika. Kipengele hicho hukaa ndani ndani, kwa maandishi madogo, na kina uzito kuliko vingine vyote. Kenya, riba elekezi ya Benki Kuu ilikuwa asilimia 7 hadi Mei 2022, na kufika Februari 2024 ilikuwa 13. Sasa rudi kwenye mkopo wetu. Umelipa miaka mitano, unadaiwa milioni 95.3, riba inapandishwa kutoka 17 hadi 19. Riba ya mwezi peke yake inakuwa shilingi 1,509,000 hivi, na rejesho lako ni 1,466,800. Hata ulipe kila mwezi bila kuchelewa siku moja, deni linaongezeka. Kurefusha muda hakutibu, maana hakuna idadi ya miaka inayomaliza deni ambalo rejesho halifikii riba yake. Lazima rejesho lipande. Kwa hiyo kabla ya kusaini, mwombe afisa akupigie rejesho kwa riba iliyoongezwa pointi mbili, kisha tatu, na uliweke hilo kwenye bajeti yako.

Ukali huo huo wa hesabu unaweza kukufaa. Tuseme mwisho wa mwaka wa kwanza umepata milioni 5, labda kiinua mgongo cha mkataba, labda mchezo wa kupeana, labda mmeuza shamba la urithi. Ukizipeleka zote kwenye deni, na rejesho likabaki lile lile, utamaliza mkopo karibu miezi 56 mapema. Hayo ni marejesho ya karibu milioni 82 yaliyofutwa na milioni 5. Milioni hizo hizo ukizipeleka mwaka wa 18 zitafuta miezi michache tu. Masharti mawili lazima uyajue mapema. La kwanza, je, kuna adhabu ya kulipa kabla ya wakati? La pili, ukileta fedha za ziada, benki itapunguza muda au itapunguza rejesho? Wengine hupunguza rejesho bila kukuuliza, na faida kubwa inapotea hapo. Andika barua, taja kwamba unataka muda upungue, baki na nakala iliyogongwa muhuri.

Gharama za pembeni nazipitia haraka. Ada ya benki, mthamini, wakili, ushuru wa stempu, usajili wa rehani, bima ya maisha na ya jengo: zote hulipwa mwanzoni au kila mwaka, nazo hazimo kwenye lile rejesho. Mkopo wa mfumo wa Kiislamu wa murabaha, ambao benki inanunua nyumba na kukuuzia kwa bei iliyotajwa, una uzuri wa kwamba jumla inajulikana siku ya kwanza. Swali la kuuliza hapo ni kama ukimaliza mapema utapunguziwa. Na kwa kuwa Sheria ya Ardhi ya Tanzania inadai ridhaa ya mwenzi kabla ya nyumba ya familia kuwekwa rehani, mke au mume asiitwe siku ya saini tu. Ile karatasi ya mistari 240 iletwe nyumbani, isomwe na wote wawili.

Wengi wetu tunajenga kidogo kidogo: msingi mwaka huu, kuta mwaka ujao, bati Mungu akijalia. Njia hiyo ina hasara zake, kodi ya pango unayoendelea kulipa na nondo zinazoliwa na kutu. Lakini riba haina. Kwa mshahara wa kati, mimi naona njia yenye nafuu ni kuziunganisha: jenga kwa akiba hadi upaue, kisha kopa kiasi kidogo kwa muda mfupi cha kumalizia. Milioni 30 kwa miaka mitano, riba ile ile ya 17, ni rejesho la shilingi 745,600 na jumla ya milioni 44.7. Riba ni milioni 14.7, na baada ya miaka mitano hudaiwi. Benki zinazotoa mkopo wa kumalizia ujenzi zitataka hati miliki, kibali cha ujenzi na makadirio ya gharama kutoka kwa mtaalamu. Boma zuri lililosimama kwenye kiwanja kisichopimwa halikopesheki kwa njia hii, kwa hiyo upimaji na hati vishughulikiwe kabla mchanga wa kwanza haujamwagwa.