Shukrani isiyomkanyaga jirani

Masomo: Walawi 7:11-15, Luka 13:1-5, Yohana 11:32-44



Hapa Kambove ni nadra ibada ya Jumapili kwisha bila ushuhuda. Mama amezaa salama, kijana ametoka hospitali, baba amepata kazi baada ya kukaa miezi mingi: wote wanapita mbele, wanaimba, wanacheza, wanatoa sadaka. Tunapenda hivyo, na tusiache. Lakini kuna ushuhuda mmoja unaorudi mara nyingi katika mji wa migodi kama wetu, na tunataka kuuzungumzia, maana unaumiza watu bila msemaji kukusudia. Ni wa mtu aliyetoka mzima katika shimo lililoanguka. Anasema kwamba wenzake walibaki chini, lakini yeye Mungu alimtoa kwa kuwa ni mtoto wake. Kanisa linapiga makofi. Na huko nyuma, kwenye benchi ya mwisho, pengine amekaa mjane wa mmoja wa wale waliobaki chini.

Mama huyo afanye nini na makofi yale? Mume wake naye aliomba asubuhi ile kabla ya kushuka.

Hayo si mambo ya kufikirika. Mwezi wa Julai 2004 shimo liliporomoka Shinkolobwe, si mbali na hapa, katika mgodi ambao serikali ilikuwa imeshaufunga mwaka uleule, na watu wasiopungua 8 walikufa. Mwezi wa Juni 2019, kule Kolwezi, udongo uliwaangukia wachimbaji wa mikono na kuua zaidi ya 30. Kila mara wako waliokufa na wako waliopona, na inaweza kutokea wote wawe wa kanisa moja, hata wa lupango moja.

Bwana Yesu aliletewa habari za namna hii. Walimweleza juu ya Wagalilaya ambao Pilato aliwaua walipokuwa wakitoa dhabihu. Yeye akaongeza habari nyingine: watu 18 walioangukiwa na mnara huko Siloamu. Tuangalie vizuri, huo wa pili ni ukuta tu uliobomoka juu ya watu, kama udongo unavyobomoka kwetu. Je, hao 18 walikuwa wabaya kuliko wengine wote wa Yerusalemu? Yesu akajibu kwamba sivyo. Kisha akawageukia waliokuwa hai, akawaambia watubu. Kupona hakukuwa ushahidi kwamba wao ni wema zaidi.

Basi aliyepona anyamaze? Hapana kabisa. Katika Luka 17 wenye ukoma kumi waliponywa, akarudi mmoja tu, Msamaria, na Bwana akauliza wale tisa wako wapi. Pumzi ni ya Mungu, na anayeipokea kama haki yake amekosa. Lakini turudi pia Luka 18, kwa yule Farisayo aliyesimama hekaluni. Watu wengi husahau kwamba sala yake ilianza kwa kushukuru. Alishukuru kwa kuwa hakuwa kama watu wengine, na hasa si kama yule mtoza ushuru aliyesimama kule mbali. Jirani yake alikuwa ngazi ya kupandia. Yesu alisema huyo hakurudi nyumbani amehesabiwa haki.

Ili kuelewa shukrani inayompendeza Mungu, twende Walawi 7. Wengi hukiruka kitabu hiki kwa sababu ya damu na mafuta, na ni hasara yao. Mwisraeli aliyetendewa jema alileta mnyama pamoja na mikate, isiyotiwa chachu na iliyotiwa chachu. Sehemu ilitolewa kwa Bwana, sehemu ikawa ya kuhani, na nyama iliyobaki alikula mwenye kutoa. Sharti lilikuwa hili: nyama ya shukrani iliwe siku ileile, isibaki hata kidogo mpaka asubuhi. Kwa sadaka ya nadhiri au ya hiari waliruhusiwa kula hata siku ya pili. Ya shukrani, hapana.

Tufikiri kama watu wa jikoni. Nani anaweza kumaliza ng'ombe mzima, yeye na mke na watoto, kabla ya jua kuchomoza? Haiwezekani. Ilibidi aite watu. Maandiko hayatoi sababu ya sharti hilo, lakini sisi tunaona matokeo yake: yule aliyeponywa alilazimika kufungua mlango. Katika Kumbukumbu la Torati 26 jambo hili linasemwa wazi. Mkulima akishapeleka kikapu cha malimbuko na kusimulia jinsi Mungu alivyowatoa Misri, anafurahi pamoja na Mlawi na mgeni anayekaa kwake.

Sasa tutazame bahasha zetu. Siku ya shukrani jina linasomwa, kiasi kinasomwa, na asiye na falanga anakaa nyumbani kwa aibu. Hiyo si sheria ya Walawi. Ni desturi yetu wenyewe, na sisi wachungaji tunaweza kuiacha wakati wowote.

Halafu kuna machozi. Wengine hufikiri mwenye imani hatakiwi kulia, kwa sababu Paulo ameagiza katika 1 Wathesalonike 5:18 tushukuru. Neno la Kigiriki pale ni "en", maana yake ndani ya: tukiwa ndani ya kila hali, tushukuru. Hakuna mahali tunapoagizwa kuuita msiba jambo jema. Kwa Lazaro Yesu alilia kwanza, na muda mfupi baadaye, mbele ya kaburi lililo wazi, alimshukuru Baba. Alimshukuru kwa kuwa amemsikia. Kifo cha rafiki yake hakukishukuru, alikuja kukiondoa. Machozi na shukrani vilitoka kwa mtu mmoja, saa ileile.

Tuguse na jambo la kazi. Wazee wetu waliokula posho ya Union Minière, na baadaye ya Gécamines, walikuwa wakisema kampuni ndiyo baba, ndiyo mama. Katika miaka ya 2003 na 2004 wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines waliondoka kwa mpango ulioitwa wa hiari, na nyumba nyingi za Likasi na Kambove zikajua kwamba baba huyo naye hufilisika. Shukrani yote iliyowekwa kwa kampuni ilikosa pa kukaa. Leo kosa liko upande mwingine. Kijana akidai mshahara wa miezi iliyopita, au kofia na viatu vya kushukia mgodini, anaambiwa amshukuru Mungu kwamba ana kazi. Neno zuri limegeuzwa kitambaa cha kumziba mdomo. Yakobo 5:4 inasema mshahara uliozuiliwa unapiga kelele, na kelele hiyo imemfikia Bwana. Mtu anaweza kumshukuru Mungu kwa kazi asubuhi, na mchana akadai haki yake kwa adabu, wala hajatenda dhambi.

Tunaomba yafuatayo kwa wale wa makanisa yanayotusikiliza. Mtu akitoka katika ajali, asishuhudie kabla hajafika kwenye kilio cha wenzake. Akae nao chini, ale bukari yao, asikie walivyolia. Mchungaji aongee na familia hizo kabla ya Jumapili, na kama wanakubali, majina ya waliokufa yatajwe kwanza, kanisa likiwa limesimama kimya. Ndipo yeye aseme kwa ufupi: Mungu amenipa siku nyingine, sijui kwa nini mimi, ninamshukuru.

Na siku ya shukrani bahasha ziingie kikapuni bila kusomwa. Mwenye mbuzi alete mbuzi, mwenye sombe alete sombe, asiye na kitu aje na sahani yake. Mama wa benchi ya mwisho aitwe mapema na watoto wake, apewe kiti karibu na sufuria.