Kasuku Mwekundu wa Halmahera na Hukumu ya Kumfungia Ndege

Sifa zote njema anastahiki Allah (SW), na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (SAW), jamaa zake na masahaba zake.

Ndugu Waislamu, tumeulizwa mara nyingi iwapo inajuzu kumfuga kasuku nyumbani. Leo tutalijibu swali hilo kwa kumtazama ndege mmoja wa visiwa vya Maluku Kaskazini, nchini Indonesia.

Visiwa hivyo vina nasaba nasi. Karafuu ya Unguja na Pemba asili yake ni Ternate, Tidore na visiwa jirani, nayo ilifika kwetu mwanzoni mwa karne ya 19 kupitia visiwa vya Bahari ya Hindi walivyovitawala Wafaransa. Ternate ina masultani Waislamu tangu karne ya 15. Ng'ambo yake, katika misitu ya Halmahera, anaishi kasuku ambaye Waindonesia humwita kasturi Ternate. Mwili wake ni mwekundu, mbawa zake kijani, na mgongoni ana doa la manjano. Ncha ya ulimi wake ina vinyweleo mfano wa brashi, navyo hulambia utamu wa maua. Hutaga mayai mawili tu ndani ya tundu la mti mkubwa. Subhanallah!

Rangi hizo na kipaji cha kuiga sauti ndivyo vilivyomponza. Hunaswa mwituni na kuuzwa mbali na kwao, huku idadi yake ikizidi kupungua. Namna magendo haya yanavyofanywa ni ya kusikitisha: mwaka 2015, huko Surabaya, makakatua hai walikutwa wamesokomezwa ndani ya chupa za plastiki.

Tukirejea kwenye hukumu, Bukhari na Muslim wamepokea habari za Abu Umayr, mdogo wake Anas bin Malik (RA), aliyekuwa na kidege cha kuchezea. Mtume (SAW) hakumkataza, bali alimtania kwa upole. Hapo wanazuoni wengi wamepata ruhusa ya kufuga ndege, maadamu analishwa na hateswi. Lakini Abu Dawud amepokea pia kisa cha ndege aliyenyang'anywa makinda yake mawili, akawa anapapatika juu ya masahaba. Mtume (SAW) aliamrisha makinda yarudishwe. Baadhi yetu huishika hadithi ya kwanza na kuisahau ya pili, kwa kuwa ya kwanza ndiyo inayotupendeza.

Mwaka 2014 Baraza la Maulamaa la Indonesia lilitoa fatwa namba 4, likaharamisha uwindaji na biashara haramu ya wanyama walio hatarini kutoweka. Kwa maoni yetu, mnunuzi naye hawezi kujitoa, kwani mtego hutegwa kwa ajili ya fedha zake.

Huku kwetu ndege anayependwa ni kasuku wa kijivu. Tangu mwaka 2017 biashara ya kimataifa ya wale waliokamatwa mwituni imepigwa marufuku. Basi mzazi anayeombwa ndege na mwanawe amuulize muuzaji kwanza: ametoka wapi, na kibali chake kiko wapi? Akibabaika, asinunue.

Na aliye naye tayari asikimbilie kumfungulia dirisha akidhani amefanya ihsani. Aliyezoea tundu huenda asijue kujitafutia riziki. Ampe nafasi ya kukunjua mbawa, maji safi na matunda, na awaulize maafisa wa wanyamapori la kufanya.

Wallahu a'lam.