Kabla ya kumwita binti yako Persephone, muulize shosho anaitwaje

Tuseme skani imetoka na ni msichana. Uko Kihunguro, Ruiru, umelala kwa kochi, simu mkononi, unapekua majina. Ashley wako wawili kwenye ploti yenu. Shanelle anaishi ghorofa ya tatu. Tiffany tayari ni wa dadako. Wewe unataka jina ambalo mwalimu akiliita darasani, kichwa kimoja tu ndicho kitainuka. Ghafla unakutana na Wagiriki wa kale: Persephone, Calliope, Thalia, Ariadne. Unamtumia mwenzako. Anajibu kwa emoji ya moto. Imeisha hiyo.

Pole, haijaisha. Kuna mama mmoja kule Makongeni, Thika, ambaye tangu asikie habari ya mimba anahesabu miezi kwa vidole. Ameshatenga njahi ya kukupikia ukishajifungua. Na jina la mtoto analijua tayari, kwa sababu ni lake.

Kama wewe au mwenzako ni Mkikuyu, jambo hili unalijua hata kama hupendi kulizungumzia. Jina la mtoto lina foleni yake. Mvulana wa kwanza huchukua la babu mzaa baba, wa pili la babu mzaa mama. Msichana wa kwanza ni wa nyanya mzaa baba, wa pili ni wa nyanya mzaa mama. Baada ya hapo ndipo wajomba na mashangazi hupata zamu. Shosho akipewa mjukuu wa jina lake, watu husema amezaliwa. Ndiyo maana utasikia mwanamume mzima akimwita bintiye mchanga "maitu", yaani mama. Hafanyi mzaha. Kwake huyo ni mamake amerudi akiwa na nepi.

Kwa hivyo ukituma "Persephone" kwa grupu ya familia bila maelezo, wewe unaona jina zuri. Shosho anasoma kitu kingine: mimi sitazaliwa. Hapo ndipo kimya kinaanza, na wewe unashangaa mbona watu wameona ujumbe na hakuna anayejibu.

Sasa habari njema. Vita hivi mara nyingi havina sababu, maana cheti cha kuzaliwa kina nafasi zaidi ya moja. Jina la kwanza kwa wengi wetu halikutoka kwa mababu. Liliingizwa na wamishonari, waliotaka kila anayebatizwa apate jina la Kikristo, na hilo likawa mara nyingi jina la Mzungu fulani. Ngugi wa Thiong'o, mzaliwa wa Kamirithu, Limuru, katika kaunti hii hii ya Kiambu, alianza kuandika vitabu akiitwa James Ngugi kabla ya kuitupa hiyo James miaka ya sabini. Nafasi ambayo James aliiacha wazi ndiyo unayochezea wewe. Persephone Wanjiru inawezekana kabisa. Jina la shosho haliguswi.

Ila mchungaji naye atasema yake. "Hayo ni majina ya miungu ya kipagani." Usimjibu kwa hasira, mjibu kwa Biblia yake mwenyewe. Fungua Warumi sura ya 16 utampata Fibi, mhudumu wa kanisa la Kenkrea, ambaye Paulo anamsifu waziwazi. Fibi ni Phoebe, na Phoebe katika hadithi za Kigiriki ni nyanya ya miungu Apollo na Artemis. Kloe wa Wakorintho wa Kwanza anabeba jina la sifa la Demeter, mungu wa mavuno. Apolo, mhubiri aliyesifika kwa ufasaha, jina lake limetokana na Apollo. Dionisio wa Matendo sura ya 17, ambaye ndiye chanzo cha akina Denis wote unaowajua, ana jina la Dionysos, mungu wa divai. Na ukitazama baadhi ya hao Denis Ijumaa usiku kule Kamakis, utaona jina halikupotea njia.

Hao wote hawakuambiwa wabadilishe majina ndipo wapokelewe. Na Kenya haikungoja kizazi chako. Phoebe Asiyo alichaguliwa mbunge wa Karachuonyo mwaka 1979. Hellen Obiri ameshinda mbio za Boston mara mbili, 2023 na 2024, akiwa na jina la mwanamke ambaye Wagiriki walisema vita vya Troy vilipiganwa kwa ajili yake. Irene alikuwa mungu wa amani. Doris alikuwa mama wa mabinti hamsini wa bahari. Cynthia ni jina la Artemis, kutokana na mlima Kynthos kwenye kisiwa alikozaliwa. Yaani kikundi cha kina mama kanisani kikikaa kwa viti vya plastiki, nusu ya wale walioko mbele huenda ni Wagiriki watupu, na hakuna anayekemea.

Sasa mfikirie shosho anayeitwa Eunice. Wapo wengi sana. Eunice ni jina la mmoja wa wale mabinti hamsini wa bahari, na pia la mama yake Timotheo, Eunike kwenye Biblia ya Kiswahili. Likate vipande viwili: "eu" ni vizuri, "nike" ni ushindi. Ndiyo, Nike ile ile ya viatu, kwa sababu Nike alikuwa mungu wa ushindi, mwanamke mwenye mabawa. Bernice ana Nike ndani yake pia, maana yake ni anayeleta ushindi, na Veronica ametoka huko huko. Wewe unatafuta jina adimu la Kigiriki mtandaoni usiku kucha, na shosho amelibeba kwa kitambulisho miaka yote akienda nalo soko la Makongeni.

Ndiyo maana nakwambia umuulize anaitwaje. Wengi wetu tunamjua kama shosho tu, au mama fulani. Muulize jina lake lote, na nani alimpa, na aliitiwa nani. Huenda ukapata unachotafuta bila bando.

Lakini tuseme moyo wako umekwama kwa Persephone. Basi jua hadithi yake, kwa sababu binti atakuuliza siku moja. Persephone alikuwa binti wa Demeter. Alikuwa akichuma maua, ardhi ikapasuka, na Hades, mfalme wa wafu, akamteka akaenda naye chini. Mamake akagoma. Hakuna mbegu iliyoota, watu wakaanza kufa njaa, mpaka Zeus akaamuru arudishwe. Lakini alikuwa amekula punje za komamanga huko chini, na anayekula chakula cha wafu hawezi kuondoka kabisa. Kwa hivyo kila mwaka hukaa juu na mamake, mimea inaota, kisha hurudi chini, na nchi inakauka.

Kama una shosho anayejua ngano, mwambie hiyo hadithi kisha umwangalie uso. Kuna uwezekano atakwambia, hiyo si ni ya Wanjiru? Na atakuwa sawa. Kuna ngano ya Wakikuyu ambayo W. S. Routledge na mkewe Katherine waliichapisha kwenye kitabu chao mwaka 1910. Mvua imekosekana miaka mitatu. Mganga anasema msichana aitwaye Wanjiru anunuliwe kwa mbuzi. Watu wanaleta mbuzi, jamaa zake wanapokea. Wanjiru anasimama katikati na kuanza kuzama ardhini: magotini, kiunoni, shingoni, na kadiri anavyozama mvua inazidi kunyesha. Analia kwamba watu wake wamempoteza. Hakuna anayemshika mkono, maana kila jamaa anayetaka kumvuta anawekewa mbuzi mwingine. Anazama kabisa. Kisha kijana aliyempenda anaenda pale pale alipozamia, anashuka mpaka chini, anampata na kumbeba mgongoni kurudi naye.

Hao wawili hawakuwahi kukutana, lakini wote walienda chini ya ardhi na shamba likategemea safari yao. Tofauti ni kwamba Persephone alitekwa kwa nguvu, na Wanjiru aliuzwa na watu wa nyumbani. Mimi naona ya Wanjiru ndiyo inayouma zaidi. Kwa hivyo mtoto akiitwa Persephone Wanjiru, hana jina la kifahari mbele na la kijijini nyuma. Ana hadithi moja mara mbili. Hiyo ndiyo ya kumwambia shosho kabla hujatuma chochote kwa grupu.

Ukitaka lingine, chagua kwa hadithi, usichague kwa sauti pekee. Calliope alikuwa mmoja wa mabinti tisa wa Zeus waliosimamia sanaa, na wewe unatoka kwa watu wanaosimulia juu ya mabinti tisa wa Mumbi, wale wa Mukurwe wa Nyagathanga kule Murang'a, kwa hiyo hesabu tayari inakubaliana. Iris ni mungu wa upinde wa mvua. Mpe jina la pili Nyambura, ambalo lina mvua ndani yake, na umemaliza kazi. Daphne alimkimbia Apollo aliyekuwa akimfuata bila ridhaa yake, akageuka mti kuliko kushikwa. Hilo ni jina la msichana anayejua kusema hapana. Penelope alimngoja mumewe miaka ishirini akisuka nguo mchana na kuifumua usiku ili wachumba wasimpate. Jiulize kama unataka binti yako amngoje mtu miaka ishirini.

Cassandra alipewa uwezo wa kuona yajayo, kisha akalaaniwa asiaminiwe na mtu. Hapa Thika tunamjua nabii wa namna hiyo, Mugo wa Kibiru, ambaye husimuliwa kwamba alitabiri utawala wa Mzungu ungeisha mugumo ukianguka. Mti huo ulianguka mwaka 1963, na bustani ya Mugumo ipo hadi leo. Atalanta alitupwa porini na baba aliyetaka mvulana, dubu akamnyonyesha, akakua akawashinda wanaume kwa mbio. Katika nchi ya wakimbiaji hilo ni jina zito. Shida ni kwamba klabu ya Italia iliyoshinda Europa League 2024 inaitwa vivyo hivyo, na watu watadhani babake alikuwa amebeti.

Kisha lipime jina mdomoni. Simama kwa geti la ploti saa moja jioni na uliite kwa sauti, kama mtu anayeita mtoto aje kuoga. Msikilize jirani akilirudia. Persephone ataitwa "Simu" kabla amalize PP2, hilo usibishe. Daphne atakuwa Dafu. Calliope atapitia kwa ndimi zetu na kutoka akiwa Kariope. Hera, malkia wa miungu, ana bahati: kwa Kijaluo hera ni upendo, kwa hivyo kama wakwe wako ni wa Kisumu umeshinda bila kucheza. Hebe, mungu wa ujana, atasikika kama mtu anayesema hebu na kusahau alichotaka. Kama jina halitoki kwa mdomo wa shosho, mpe lingine la kumwita au ukubali kwamba yeye atamwita Wanjiru tu. Na huenda hilo ndilo alilotaka.

Mwisho ni karatasi. Sheria inataka kuzaliwa kusajiliwe ndani ya miezi sita. Baada ya hapo unaingia kwa usajili wa kuchelewa, na maswali yanaongezeka. Ukibadilisha nia, unaweza kuomba jina libadilishwe kwenye rejista ndani ya miaka miwili tangu usajili. Ukipitisha hapo, utahitaji wakili, hati ya kubadilisha jina na tangazo kwenye Gazeti Rasmi la Serikali. Kama uko peke yako, jua pia kwamba mwaka 2016 Jaji Mumbi Ngugi wa Mahakama Kuu aliamua kuwa kifungu kilichozuia jina la baba kuandikwa kwa mtoto wa wazazi wasiooana kilikiuka Katiba. Katiba yenyewe, Kifungu cha 53, inampa kila mtoto haki ya kuwa na jina tangu azaliwe.

Kwa hivyo mpigie shosho simu wiki hii, kabla ya uchungu kuanza. Na siku ya kujaza fomu, usilitamke jina hilo kwa mdomo na kutumaini. Liandike kwa herufi kubwa kwenye kipande cha karatasi na umpe karani. Cheti kikitoka, kisome ukiwa bado umesimama pale dirishani. Hakikisha Wanjiru yupo, na ile h ya Persephone iko mahali pake.